Pandeireta Mikononi mwa Bibi: Uimbaji wa Wanawake wa Galicia na Waliouokoa

Ndugu Mwenyekiti, walimu wangu, wanafunzi, na wapenzi wa muziki mliofika jioni hii,

Nimeliweka hapa mezani tari moja la kawaida, ngozi ya mbuzi iliyowambwa kwenye duara la mti na kuzungushiwa visahani vya bati, kwa sababu baadhi ya mambo nitakayoyasema hayaelezeki vizuri bila mkono kuyaonyesha. Tari hili si geni kwetu. Ninaloomba ni kwamba kwa muda wa saa moja tulitazame kama linavyotazamwa na mwanamke mzee wa kijijini huko Galicia, ambaye amelishika tangu utotoni na ambaye, kwa sehemu kubwa ya maisha yake, hakuna aliyewahi kumwita mwanamuziki.

Galicia iko pembe ya kaskazini-magharibi ya Hispania, juu ya Ureno, mahali ambapo nchi kavu inakatika na kuiachia Bahari ya Atlantiki. Wakazi wake ni takribani milioni 2.7. Lugha yao, Kigalisia, ni ndugu wa tumbo moja na Kireno, lugha ile iliyotuachia sisi meza, leso na bendera. Katika Zama za Kati lugha hizo mbili zilikuwa moja. Ni nchi ya mvua, ya vilima na mashamba madogo, iliyogawanyika katika parokia zaidi ya 3,700. Idadi hiyo ya parokia naomba muikumbuke, kwa maana kila parokia ilikuwa na mapigo yake na namna yake ya kuimba, na mtu aliyezaliwa pale angeweza kumtambua mgeni kwa kusikia tu jinsi anavyopiga.

Tari la duara wao huliita pandeireta, na mwanamke alipigaye huitwa pandeireteira. Mwimbaji huitwa cantareira, ingawa mara nyingi mtu ni yule yule mmoja. Lipo pia la pembe nne, lililowambwa ngozi pande zote mbili, ambalo Wagalisia huliita pandeiro na Wareno huliita adufe. Jina hilo la adufe limetokana na neno la Kiarabu *al-duff*, na hapa nadhani wengi wenu mmeshanitangulia: ndilo dufu letu. Neno moja lilisafiri njia mbili, moja ikapanda hadi Rasi ya Iberia na nyingine ikashuka hadi pwani yetu. Tofauti ni kwamba kwetu dufu tumezoea kuliona mikononi mwa wanaume kwenye maulidi, na kule chombo hiki, liwe la duara au la pembe nne, kilikuwa mali ya wanawake.

Ilikuwaje kikawa chao? Sababu ni ya uchumi zaidi kuliko ya sanaa. Chombo kikuu cha sherehe za Galicia ni gaita, yaani zumari la kiriba, na mpiga gaita alikuwa mwanamume aliyelipwa: aliitwa kwenye sikukuu ya mtakatifu wa parokia, kwenye maandamano ya kanisa, kwenye harusi ya mwenye nacho. Lakini sikukuu ni siku chache katika mwaka, ilhali watu walitaka kucheza kila Jumamosi usiku. Palipokosekana fedha za kumlipa mpiga gaita, wanawake walitoa pandeireta, na ilipokosekana pandeireta walichukua kilichokuwa karibu: bati tupu la pilipili ya unga, makombe mawili yenye mifuo yanayosuguliwa mgongo kwa mgongo, kijiko, hata jembe lililogongwa kwa jiwe. Makombe yenyewe ni yale yale yanayovaliwa na mahujaji waendao Santiago de Compostela. Kwa kuwa muziki wao haukulipwa, haukuhesabiwa kuwa kazi, na kwa kuwa haukuhesabiwa kuwa kazi, hata majina ya wenye kuufanya hayakuandikwa popote. Jambo hili nitalirudia mwishoni.

Sasa nitazame mkono. Tari linashikwa kwa mkono wa kushoto, usawa wa kifua, na mkono wa kulia ndio unaopiga, ukibadilisha ncha za vidole, vifundo na kiganja. Pigo la muiñeira, ambayo ndiyo ngoma yao mashuhuri kuliko zote, lina mafungu mawili ya tatu-tatu, moja-mbili-tatu, moja-mbili-tatu, na uzito huanguka mwanzoni mwa kila fungu. Mwishoni mwa ubeti hufuata jambo ambalo wanafunzi huchukua miezi kulipata: kidole gumba kinalowanishwa kidogo na kusukumwa juu ya ngozi karibu na ukingo, si kwa nguvu, mpaka ngozi yenyewe inakikamata na kukiachia, inakikamata na kukiachia, haraka mno kiasi kwamba visahani vyote vinatetemeka kwa pamoja na kutoa mvumo mmoja mrefu. Ukibonyeza sana, gumba linakwama. Ukigusa kidogo mno, linateleza na husikii kitu. Hakuna kitabu kinachoweza kukupa kipimo cha kati ya hayo mawili. Anakupa bibi aliyekaa pembeni yako, akikushika kifundo cha mkono.

Jina la muiñeira limetokana na *muíño*, kinu cha kusagia kinachozungushwa na maji ya kijito. Vinu hivi vilikuwa vya ubia wa familia kadhaa, kila moja ikiwa na zamu yake ya saa, mchana au usiku, na aliyekuwa na zamu ya usiku wa manane hakuwa na budi kukesha akilinda unga wake. Vijana walikuja kumsindikiza, pandeireta ikatoka, na zamu ya kazi ikageuka mkesha wa nyimbo. Vivyo hivyo wakati wa baridi wanawake walikusanyika katika nyumba moja kusokota nyuzi za kitani ili kugawana mwanga na joto la moto mmoja. Mikusanyiko hiyo, iliyoitwa *fiadeiro*, iliwakera maaskofu kwa karne kadhaa, wakaipiga marufuku tena na tena. Amri inayotolewa mara kwa mara ni amri isiyotiiwa, na mimi huzisoma karatasi zile za makatazo kama ushahidi bora tulio nao kwamba wanawake wale waliendelea kuimba.

Waliimba nini? Ubeti wa kawaida una mishororo minne, kila mshororo mizani 8, na vina hukutana kwenye mshororo wa pili na wa nne. Aliyezoea utenzi ataona mara moja kwamba umbo hilo linapakana na letu: mishororo minne, mizani nane, ila sisi huvifunga vina vitatu vya kwanza na kukiacha cha mwisho kiwe cha bahari. Hesabu yao ina kanuni moja ya ziada, nayo ni kwamba mizani hupimwa kwa kufuata mkazo wa mwisho wa mshororo, hivyo silabi zenyewe zinaweza kupungua au kuzidi kwa moja. Sidai kwamba pana undugu wa kihistoria kati ya mashairi hayo mawili. Ninachosema ni kwamba mizani nane ni pumzi moja ya binadamu, na kwamba mtu aliyekulia kwenye tenzi ana mlango wa kuingilia katika nyimbo hizi ambao Mzungu wa kaskazini hana.

Ubeti mmoja hujitegemea. Mwimbaji ana mamia kichwani, na huyapanga papo hapo kufuata waliopo: wa kumkejeli kijana anayejiona, wa kumfariji mama ambaye mwanawe amesafiri, wa kumjibu mwanamke wa kijiji cha jirani aliyerusha dongo. Mmoja huanza, wengine hupokea kwa sauti moja, bila kugawana sauti za juu na za chini kama kwaya. Na sauti yenyewe hutoka kifuani, imekazwa, iko juu, inakata. Vituo vyake havikai daima mahali ambapo piano ingeviweka. Mara nyingi huangukia katikati ya funguo mbili, na aliyesomea muziki wa Ulaya huweza kudhani kwamba bibi amekosea. Hakukosea, kwani akirudia wimbo ule ule mwaka unaofuata ataliweka neno pale pale. Ubeti ukifikia kilele, mtu mmoja huachia *aturuxo*, ukelele mrefu unaosukumwa kutoka kooni, unaofanya kazi ile ile inayofanywa na kigelegele kwetu: kusema kwamba sasa imenoga.

Nilipoanza kujifunza mambo haya nilishangazwa na umri wake. Tangu karne ya 12 hadi ya 14, watunzi wa Galicia na Ureno waliandika mashairi yaitwayo *cantigas de amigo*, ambamo msemaji ni msichana anayemngoja mpenzi wake, mara nyingi ufukoni, akiyauliza mawimbi habari zake. Mwaka 1914 muuza vitabu mmoja wa Madrid, Pedro Vindel, alikuta ngozi ya kuandikia iliyotumika kama jalada la ndani la kitabu kingine, na juu yake pana mashairi 7 ya Martín Codax yanayoimba habari za Vigo, mji wa pwani ya Galicia, 6 kati yake yakiwa na alama za muziki. Ni hazina ya thamani kubwa. Hata hivyo waandishi wa mashairi hayo tunaowajua ni wanaume. Sauti ya mwanamke ilipata ngozi ya kuandikiwa pale ilipopitia kinywa cha mwanamume. Wanawake wenyewe waliendelea kuimba vinuni bila karatasi. Katika karne ya 18 mtawa Martín Sarmiento alikuwa miongoni mwa wachache walioliona hilo, alipoandika kwamba huko Galicia wanawake ndio watunzi wa mashairi na kwamba pia ni wanamuziki wa asili.

Halafu akaja Rosalía de Castro, aliyechapisha *Cantares gallegos* mwaka 1863. Alichukua beti alizozisikia vijijini na kujenga mashairi yake juu yake, katika lugha ambayo wakati ule waliosoma waliiona haifai kuandikiwa. Baadaye, mwaka 1880, aliwaandikia wanawake aliowaita wajane wa walio hai. Hao ni wake wa wanaume waliopanda meli kwenda Kuba na Argentina. Wengi hawakurudi, na wengine hata barua hawakuleta. Wanawake walibaki na shamba, ng'ombe, watoto na wazee. Mtu akiuliza kwa nini kumbukumbu ya nyimbo za Galicia imehifadhiwa na wanawake, sehemu kubwa ya jibu ni hii: wao ndio waliobaki.

Karne ya 20 ilikaribia kuyamaliza yote. Utawala wa Franco, dikteta wa Hispania ambaye mwenyewe alizaliwa Ferrol, huko huko Galicia, haukuzipiga marufuku nyimbo za vijijini. Ulifanya jambo ambalo kwa maoni yangu lina madhara ya muda mrefu zaidi. Kitengo cha wanawake cha chama tawala kilikusanya nyimbo na ngoma, kikazisafisha, kikazipangia hatua zinazofanana na mavazi yanayofanana, kisha kikazipandisha jukwaani. Beti zenye ukali au mahaba zilibaki nje, na sauti zilizokaza zililainishwa. Wakati huo huo, Kihispania kilikuwa lugha ya shule na ofisi, na mtoto aliyezungumza Kigalisia darasani alijifunza kuona haya. Katika miaka ya 1960 vijana waliondoka tena, safari hii kwenda Uswisi, Ujerumani na Ufaransa. Kinu cha umeme kilikiua kinu cha maji, nguo za kiwandani ziliuua usokotaji, na bendi za dansi zikachukua Jumamosi usiku. Nyimbo hazikukatazwa. Zilikosa mahali pa kuimbiwa.

Waliofika na vinasa sauti hawakuwa wengi. Mmarekani Alan Lomax alipita Galicia mwishoni mwa mwaka 1952 na kurekodi. Kazi kubwa kuliko zote ilifanywa na mwanamuziki wa Uswisi, Dorothé Schubarth, aliyezunguka vijijini kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1970 na, pamoja na mwanaisimu Antón Santamarina, akatoa mkusanyo wa juzuu 7 kati ya mwaka 1984 na 1995. Wagalisia walikuwa wakienda Uswisi kutafuta riziki, na Mswisi mmoja alikuwa akija kwao kutafuta nyimbo ambazo wao wenyewe walianza kuziacha. Bila yeye, mengi ninayoyasema hapa yasingejulikana nje ya parokia zake.

Lakini wimbo ulio ndani ya juzuu haujaimbwa. Hapo ndipo anapoingia Mercedes Peón.

Peón alizaliwa mjini A Coruña mwaka 1967. Ni mtoto wa mjini, na alipokuwa bado kijana mdogo alianza kwenda vijijini akiwa na kinasa sauti, akiwafuata wanawake wazee majumbani mwao. Alifanya hivyo kwa miaka mingi. Watafiti wengine walirekodi na kuondoka, lakini yeye alikaa kama mwanafunzi: alijifunza kupiga, kuimba na kucheza, kisha akafundisha wengine. Albamu yake ya kwanza, *Isué*, ilitoka mwaka 2000, wakati akiwa na umri wa zaidi ya miaka 30, na ninawaomba vijana mlioko hapa mlitazame pengo hilo: miaka ya kusikiliza iliyotangulia santuri ya kwanza. Zilifuata *Ajrú* mwaka 2003, *Sihá* mwaka 2007 na *SÓS* mwaka 2010, na katika kila moja mashine za kielektroniki zilizidi kuongezeka.

Wapo waliosikitika. Mwanamke aliyenyoa kichwa, mwenye pandeireta mkono mmoja na mashine mkono mwingine, hakufanana na picha waliyokuwa nayo ya mila. Mimi nimemsikiliza kwa makini na nina maoni tofauti. Chini ya mashine zile, sauti ni ile ile ya kifuani, vituo ni vile vile vya katikati ya funguo, na lile gumba linakwaruza ngozi kama lilivyokwaruza jikoni. Aliyebadilisha mavazi na kulainisha sauti, kama ilivyofanyika wakati wa Franco, amebakiza sura na kuutoa moyo. Peón alifanya kinyume chake. Tena bibi za vijijini hawakuwa watu wa kuganda: mwanamke anayegeuza bati la pilipili kuwa ala ya muziki hana ugomvi na chombo kipya.

Kabla ya *Isué* lilikuwapo kundi la Leilía, wanawake sita walioungana mwaka 1989 huko Santiago de Compostela na kutoa albamu yao ya kwanza mwaka 1994. Wao walichagua njia ya uaminifu mkubwa: sauti na ngozi, kwa sehemu kubwa bila kingine. Kabla yao ilikuwa vigumu kuamini kwamba pandeireta peke yake inaweza kubeba tamasha zima. Mwanamume mmoja naye nimtaje, Xabier Díaz, anayeimba akiwa amezungukwa na kundi la wanawake wapiga adufe. Na mwaka 2022 ulimwengu mpana ulisikia habari hizi kupitia Tanxugueiras, wanawake watatu walioingia katika mashindano ya kumchagua mwakilishi wa Hispania kwenye Eurovision, shindano la nyimbo la nchi za Ulaya. Waliimba kwa Kigalisia, wakiwa na pandeireta zao. Kura za watazamaji ziliwaweka mbele ya wote. Kura za majaji wataalamu ziliwashusha, wakamaliza wa tatu. Mwaka huo watoto wengi wa Galicia walitaka kununuliwa pandeireta.

Nalifurahia hilo kwa moyo wangu wote, na nina wasiwasi mmoja tu. Madarasa ya jioni yamejaa mijini, lakini darasa la watu ishirini linahitaji pigo moja ambalo wote watalishika kwa pamoja. Pigo la parokia fulani, lenye kuchelewa kidogo kwenye hatua ya tatu kwa sababu wachezaji wa pale walipenda kurukia hapo, halifundishiki kwa urahisi kwa watu ishirini. Hivyo kinachoweza kupotea sasa ni tofauti kati ya parokia na parokia. Walimu wazuri wanalijua hilo, na huwarudisha wanafunzi kwenye rekodi za mwanamke mmoja mmoja, wasikilize yeye alifanyaje.

Hapo nafika kwenye majina. Kila tarehe 17 Mei, tangu mwaka 1963, Galicia huadhimisha Siku ya Fasihi ya Kigalisia, na Akademia ya Kifalme ya Galicia humchagua mwandishi aliyefariki angalau miaka 10 iliyopita ili aheshimiwe. Kwa miongo sita heshima hiyo iliwaendea watu wa kalamu. Mwaka 2025 iliuendea ushairi simulizi, na kwa niaba yake wakatajwa wanawake wenyewe: dada wawili Rosa na Adolfina Casás Rama wa Cerceda, Eva Castiñeira wa Muxía, na wapiga pandeireta wa Mens, huko Malpica. Watu wa shamba na jiko, waliotunga kwa kinywa, wakakaa safu moja na Rosalía de Castro. Nilipoisoma habari hiyo niliinuka kitini.

Kwa miaka mingi kwenye majalada ya santuri nyimbo hizi ziliandikwa kwa maneno mawili, *ya jadi*, kana kwamba ziliota zenyewe kama uyoga. Waimbaji ninaowaheshimu wameacha desturi hiyo. Huandika wimbo ulipokewa kwa nani na katika kijiji gani, na jukwaani husema hayo kabla hawajapiga. Sisi tuna neno lake tayari: ni isnadi. Wimbo una mlolongo wa vinywa, na anayeupokea hana haki ya kuukata mlolongo huo kwa sababu tu vinywa vilivyomtangulia ni vya wanawake wasiojua kusoma.

Muda wangu unakaribia kwisha, na nimeahidi kwamba tari hili halitalala kimya. Limelegea kidogo kwa unyevu wa mvua ya leo. Kule Galicia, mvua isikokatika, bibi husogea na pandeireta yake karibu na moto, akaigeuza-geuza na kuigonga kwa kidole mpaka ngozi ijibu kwa sauti anayoitaka. Hapa sina moto, ila nimelipasha chini ya taa hii tangu nilipoanza kuzungumza, na sasa linajibu. Nitapiga muiñeira polepole, tatu na tatu. Nawaomba dada zetu wa safu ya mbele waupokee mwitiko, wote kwa sauti moja, kutoka kifuani.